Je, Wajua? Ngara, Nairobi na Watu Wasioonekana Kwenye Skrini

Je, wajua kwamba mwaka ambao wilaya ya Ngara ilionekana kwenye televisheni za dunia nzima ndio mwaka huohuo Tanzania Bara ilipopata vituo vyake vya kwanza vya televisheni? Ni 1994. Tarehe 28 na 29 Aprili, wakati wa mauaji ya kimbari ya Rwanda, Wanyarwanda wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo na kuingia Ngara kwa muda wa saa 24 hivi. UNHCR, shirika lililozoea wakimbizi kila pembe ya dunia, lilisema halijapata kuona watu wengi kiasi hicho wakikimbia kwa kasi namna hiyo. Haukupita muda, kamera zikajaa. Huko Dar es Salaam, CTN na ITV ndiyo kwanza zilikuwa zinaanza kurusha matangazo, na matangazo yenyewe hayakufika mbali na jiji. Mkazi wa Kabanga, mji mdogo wa mpakani ambako malori ya mizigo ya Burundi hupanga foleni, aliishi katika wilaya iliyotazamwa London na New York, lakini yeye mwenyewe hakuwa na namna ya kuitazama. Alisikiliza redio, au alitoka akasimama barabarani akaona kwa macho yake.

Nani basi aliamua Ngara ionekane vipi? Hawakuwa wale watangazaji tuliozoea sura zao. Walikuwa watayarishaji na waongozaji, watu ambao majina yao hupita haraka mwishoni mwa kipindi, wakati mtazamaji ameshanyoosha mkono kutafuta rimoti.

Kazi hizo mbili watu huzichanganya, na kwenye vituo vidogo kweli hufanywa na mtu mmoja. Mtayarishaji ndiye mwenye kipindi. Wazo ni lake, bajeti ni yake, vibali anahangaikia yeye, mafuta ya gari anatafuta yeye, na kesi ikifunguliwa anaitwa yeye. Mwongozaji ndiye mwenye picha: kamera isimame wapi, imwangalie nani, kwa muda gani. Nenda uwanjani siku ya Simba na Yanga uchungulie ndani ya gari la matangazo lililoegeshwa nyuma ya jukwaa. Kuna baridi ya kiyoyozi, ukuta umejaa skrini, kila skrini na kamera yake, na mbele yake amekaa mtu mwenye visikio anayeongea mfululizo bila kunyanyua sauti: kamera mbili mtafute kocha, tatu baki na golikipa, stendibai mbili, kata. Mpira ukiingia wavuni, nchi nzima inapiga kelele isipokuwa yeye. Yeye ameshaagiza marudio, na anataka kujua nani ana picha ya mfungaji akikimbilia mashabiki. Akichelewa sekunde mbili, goli limekupita, na lawama utampa mtangazaji asiyehusika.

Je, wajua kwamba Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi miaka ishirini hivi kabla ya Bara? Mzee Abeid Amani Karume aliitaka, na ingawa aliuawa Aprili 1972 kabla ya kuiona, mwanzoni mwa miaka hiyo ya 1970 Televisheni Zanzibar ilikuwa hewani, tena kwa rangi, wakati Kenya, iliyoanza televisheni tangu 1962, iliendelea na nyeusi na nyeupe hadi 1978. Watu wa Dar es Salaam, Bagamoyo na Tanga walisimamisha nguzo ndefu za antena juu ya paa ili wainase Zanzibar. Bara, serikali ya Mwalimu Nyerere iliona televisheni ni anasa ya wachache wa mijini, na kwamba fedha hiyo ingefanya kazi zaidi kwenye redio, ambayo mkulima anaweza kuitundika kwenye mti shambani akaendelea kulima. Hoja hiyo haikuwa ya kijinga. Lakini ilikuwa na gharama yake, na gharama hiyo ililipwa hasa na watu wa pembezoni: kwa zaidi ya miaka thelathini baada ya uhuru, nchi nzima ya bara haikuwa na shule ya kazini ya kuwalea waongozaji na watayarishaji wa televisheni wa kwake. Afrika Kusini ya makaburu, nayo iliyochelewa kwa sababu zake nyingine kabisa, ilianza Januari 1976. Burundi ilianza 1984. Rwanda ilianza 1992. Kwa hiyo majirani wote wawili wa Ngara walikuwa na kituo cha taifa cha televisheni kabla ya Tanzania Bara.

Picha zinazotembea zilikuwepo, bila shaka. Kulikuwa na gari la sinema la serikali lililozunguka vijijini, likitandika kitambaa cheupe uwanjani jioni. Kulikuwa na Kampuni ya Filamu Tanzania. Na Idi Amin wa Uganda alipoivamia Kagera Oktoba 1978, wapiga picha wa Tanzania waliandamana na jeshi, na kazi yao ikawa filamu ya Vita vya Kagera. Ila hiyo ni sinema, si televisheni.

Sheria ya Huduma za Utangazaji ya 1993 ndiyo iliyofungua mlango kwa watu binafsi. Televisheni ya Taifa, TVT, ambayo leo ni TBC, ilisubiri hadi 2000. Halafu, kana kwamba tunafidia usingizi, Dar es Salaam ikazima mitambo ya analojia usiku wa Desemba 31, 2012, mbele ya majirani wa Afrika Mashariki, hata wale waliotutangulia kwa miongo mitatu.

Je, wajua kwamba aliyempata Idi Amin mafichoni na kumweka mbele ya kamera alikuwa mtoto wa Afrika Mashariki aliyekulia Dar es Salaam? Jina lake Mohamed Amin, na hakuwa na udugu wowote na dikteta. Alizaliwa Nairobi mwaka 1943 katika familia ya Kiasia. Baba yake alifanya kazi ya reli, na kazi hiyo ndiyo iliyoipeleka familia Dar es Salaam. Huko kijana akapata kamera ya bei poa, akaanza kuuza picha magazetini kabla hajamaliza shule, na mwaka 1963, akiwa na umri wa miaka ishirini hivi, akafungua Camerapix. Mwaka uliofuata Mapinduzi ya Zanzibar yakamkuta amekaa mkao wa kula. Alivuka bahari, akapiga picha, akauza.

Zanzibar hiyohiyo ndiyo iliyomgeuka. Mwaka 1966 alikamatwa huko, akateswa na kukaa gerezani karibu mwezi mzima. Alipotoka, makao yake yakawa Nairobi, na Tanzania ikampoteza mtayarishaji ambaye pengine ni mkubwa kuliko wote iliowahi kuwalea. Sisemi Kenya ilimbembeleza. Naye huko alikutana na mikasa yake. Julai 5, 1969 mwanasiasa Tom Mboya alipopigwa risasi Nairobi, Amin alifika mapema, akaingia ndani ya gari la wagonjwa na kamera yake, akarekodi watu wakihangaika kumwokoa. Kuna watakaouliza ana haki gani ya kuwa pale. Wapiga picha wenyewe hubishana juu ya hilo hadi leo.

Mwaka 1980, yeye na Brian Barron wa BBC walimfikia Idi Amin huko Saudi Arabia alikokimbilia baada ya majeshi ya Tanzania kumtimua Kampala. Kwa mtu wa Kagera aliyezika ndugu zake muda mfupi kabla, ile sura ya mnene anayetabasamu kwenye hifadhi ya ughaibuni haikuwa habari ya kuchekesha.

Lakini kazi iliyolifanya jina la Mohamed Amin litajwe kila mahali ni ya Oktoba 1984. Alikwenda Korem, kaskazini mwa Ethiopia, pamoja na mwandishi Michael Buerk wa BBC. Kabla ya hapo njaa ile ilikuwa imekwishaandikwa magazetini, takwimu zimetolewa, na watu wenye uwezo wa kusaidia wamezisoma na kufungua ukurasa wa michezo. Buerk aliandika maneno machache yaliyopimwa. Amin akaiacha kamera itulie. Ukiitazama kazi hiyo leo utaona jambo moja la kiufundi ambalo wanafunzi wa televisheni wanapaswa kulisoma: kamera haikimbii. Inapita taratibu juu ya umati wa alfajiri, moshi na ukungu vimechanganyika, kisha inasimama usoni mwa mtu mmoja na kubaki hapo kupita muda ambao mtazamaji ameuzoea. Ni uamuzi wa mwongozaji, ingawa hapakuwa na mwongozaji. Alikuwepo mpiga picha aliyejua kipindi kitakavyohaririwa kabla hajabonyeza kitufe.

Oktoba 23 taarifa ikaruka hewani Uingereza. Vituo vingi vya nchi nyingine vikaichukua. Mwanamuziki Bob Geldof alikuwa mmoja wa walioitazama, na mwezi uliofuata akawakusanya wenzake studio London. Julai 13, 1985 likafuata tamasha la Live Aid, Wembley na Philadelphia kwa siku moja. Watu wengi wanamkumbuka Geldof. Wachache wanajua kwamba kanda ile ilipigwa na mtu wa Nairobi mwenye ofisi yake mwenyewe na mishahara ya kulipa mwisho wa mwezi.

Na hapo ndipo Amin anapopita kiwango cha mpiga picha hodari. Alikuwa mfanyabiashara wa picha: alichapisha vitabu, akatengeneza filamu, akalisimamia shirika la habari la Visnews kwa upande huu wa Afrika, na baadaye akawa nyuma ya Africa Journal, kipindi kilichotayarishwa Nairobi ili Afrika ijieleze yenyewe kwa vituo vingine. Juni 1991, baada ya mtawala wa Ethiopia, Mengistu, kukimbia, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mwenzake wa sauti, John Mathai, alifariki. Amin akapoteza mkono wa kushoto. Kwa mtu wa kamera, mkono wa kushoto ndio unaozungusha lenzi. Alitengenezewa wa bandia Marekani, akarudi kazini.

Novemba 23, 1996 alipanda ndege ya Ethiopia kutoka Addis Ababa kwenda Nairobi. Watekaji watatu wakaiteka na kutaka ipelekwe Australia, safari ambayo mafuta yasingetosha hata kidogo. Rubani alieleza, hawakusikia. Mafuta yakaisha, ndege ikaanguka baharini karibu na ufukwe wa hoteli moja Ngazija, Visiwa vya Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwemo, 125 walikufa, Amin na rafiki yake mwandishi Brian Tetley wakiwa miongoni mwao. Watalii waliokuwa ufukweni walikuwa na kamera ya video mkononi. Wakarekodi. Kanda hiyo nayo ilizunguka dunia.

Mwanawe, Salim Amin, alitengeneza filamu juu ya baba yake, Mo & Me, mwaka 2006. Haimpambi. Inamwonyesha baba asiyekuwepo nyumbani, na hilo ni la kweli kwa wengi wa kazi hii.

Je, wajua kwamba Benaco, mahali pa Ngara walipowekwa wakimbizi wale wa Rusumo, si jina la Kihangaza (lugha ya wenyeji) wala la Kinyarwanda? Ni jina la kampuni ya ujenzi ya Kiitaliano iliyojenga barabara na kuacha kambi yake pale. Wakimbizi walipowekwa hapo mwaka 1994, jina likawa la kambi. Wageni waliandika kwamba huo sasa ndio mji wa pili kwa ukubwa Tanzania. Leo kambi haipo. Wanyarwanda karibu nusu milioni walirudishwa kwao Desemba 1996, na Benaco imebaki kituo ambapo dereva wa lori anasimama kula na kupumzika kabla hajaendelea na safari ya Rusumo au Kabanga.

Kitu kimoja kuhusu kambi zile hakisemwi vya kutosha. Warundi walikuwa wameshaanza kukimbilia Ngara tangu Oktoba 1993, baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa. Walikuja kwa makumi ya maelfu, na wenyeji wakawapa ndizi na mahali pa kulala. Kamera hazikuja kwa wingi. Hapakuwa na daraja moja jembamba lenye watu robo milioni kwa siku, hapakuwa na picha ya kuuza. Mtayarishaji aliyekaa ofisini Ulaya ana sehemu ya gharama ya ndege, ana muda wa setilaiti unaolipiwa kwa dakika, na ana dakika mbili na nusu kwenye taarifa ya habari. Burundi ilikosa nafasi. Machi 31, 1995, Tanzania ilipofunga mpaka wake na Burundi, nchi za nje ziliishangaa, kana kwamba mzigo wa Ngara ulianza siku ile zilipoletewa picha.

Ngara ilijibu kwa njia iliyokuwa karibu: Radio Kwizera. Ilianzishwa Ngara mwaka 1995 na shirika la Wajesuiti linalohudumia wakimbizi, ikawatangazia wakimbizi na wenyeji kwa pamoja, kwa lugha za pande zote mbili za mpaka. Watayarishaji wengi wa kanda ile wa kizazi kilichofuata wamepitia studio za redio, si za televisheni, na ukiwasikiliza utajua: wanajenga kipindi kwa sauti ya mlango, ya baiskeli, ya mama anayeita watoto.

Tahadhari kwa anayetafuta habari za Kabanga: zipo mbili zinazojulikana. Ya Ngara ni ya mpaka wa Kobero na madini ya nikeli. Ya pili iko Kasulu, mkoani Kigoma, ambako kuna kituo kilichowahifadhi watoto wenye ualbino wakati wa mauaji ya kishirikina ya watu wenye ualbino, na kamera za kigeni zilipiga hodi huko pia. Juu ya suala hilohilo Mwingereza Harry Freeland alimfuata mwanaharakati Josephat Torner kwa miaka kadhaa, akatoa filamu mwaka 2012. Kufuata mtu mmoja kwa miaka ni anasa ambayo taarifa ya habari haina.

Je, wajua kwamba mwongozaji mmoja wa filamu alimkasirisha Rais wa Tanzania hadi akamjibu hadharani? Hubert Sauper, raia wa Austria, alipiga Mwanza filamu ya Darwin's Nightmare (2004), juu ya sangara, viwanda vya minofu na ndege za mizigo. Ilishinda tuzo ya César Ufaransa na kuteuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliishambulia kwenye hotuba kwa kuchafua jina la nchi. Mimi naona wote wawili walikuwa na hoja. Umaskini wa watoto wanaoonekana humo haukutungwa. Lakini Mwanza ya Sauper ni kama ya usiku tu, ni nadra kumwona mtu wa kawaida anayeamka, anayefungua duka, anayeendelea na siku yake.

Wa kwetu nao wanapanda, ingawa kwa njia ndefu. Seko Shamte alipitia televisheni, akatengeneza filamu ya kumbukumbu ya Mkwawa, na mwaka 2021 akaongoza Binti, ambayo baadaye ilifika Netflix.

Mwisho, turudi Benaco, Mei na Juni 1994. Kipindi cha Panorama cha BBC kilituma timu yake na mtayarishaji mkongwe David Harrison na mwandishi Fergal Keane. Walifika parokia ya Nyarubuye, upande wa Rwanda, ambako maelfu ya Watutsi waliokimbilia kanisani walikuwa wameuawa katikati ya Aprili. Walirekodi kilichobaki. Manusura walilitaja jina moja tena na tena: Sylvestre Gacumbitsi, aliyekuwa meya wa komuni ya Rusumo. Timu ikaingia Tanzania. Kumbe mtu huyo alikuwa Benaco, kati ya wakimbizi, ana heshima zake na watu wa kumzunguka. Kamera ikawashwa, akaulizwa, akakana. Mkoani Kagera, juu ya ardhi ya Ngara, mtuhumiwa na swali wakakutana kabla mahakama yoyote haijaundwa.

Watu wa misaada waliokuwa kambini walijua ugumu wa jambo hilo. Juni mwaka huo, walipojaribu kumwondoa kiongozi mwingine mtuhumiwa, Jean-Baptiste Gatete, umati wa maelfu ulifura hasira, na wafanyakazi wakahofia maisha yao.

Kipindi kikaonyeshwa Juni 1994. Keane aliandika kitabu juu ya safari hiyo, Season of Blood, kikapata tuzo ya Orwell mwaka 1995. Gacumbitsi yeye alikamatwa 2001, angali kwenye kambi ya wakimbizi magharibi mwa Tanzania, akapelekwa Mahakama ya Kimataifa ya Rwanda mjini Arusha. Keane alikwenda huko kutoa ushahidi wa aliyoyaona Nyarubuye na Benaco. Juni 17, 2004 mahakama ilimpa Gacumbitsi kifungo cha miaka 30. Pande zote zikakata rufaa, na Julai 7, 2006 kifungo kikawa cha maisha.